Nilimwandikia Mungu Mvua Ambayo Hakuileta

Mpendwa mshauri,

Naomba msaada wako.

Mimi ni mpima mvua. Ni kazi ambayo watu wengi hawajui kama ipo. Nyuma ya nyumba yetu kuna kiwanja kidogo chenye uzio wa waya, na ndani yake umesimama mtungi wa bati wenye mdomo wazi na chupa ndani, na kila siku saa tatu asubuhi mimi hutoa ile chupa, humimina maji kwenye bilauri ya kioo yenye mistari, husoma ni milimita ngapi, huandika daftarini na kutuma ujumbe makao makuu ya hali ya hewa, na kama hakuna maji huandika sifuri. Kazi hii aliianza baba yangu, aliyekuwa pia katekista, na kati yake na mimi daftari halijaruka hata siku moja kwa miaka sitini na mbili, hata siku ya mazishi yake nilipima kwanza ndipo nikaenda kubeba jeneza.

Ni lazima nikueleze baba alikuwa mtu wa namna gani, maana bila hivyo hutaelewa uzito wa nilichofanya. Yeye alisema kupima ni sala. Alikuwa akituambia mimi na dada yangu kwamba Mungu hakulazimishwa na mtu kuiumba dunia hivi ilivyo, angeweza kuiumba vingine kabisa, kwa hiyo huwezi kujifungia chumbani ukafikiri mpaka ukajua mvua imenyesha kiasi gani, inabidi utoke nje ukaangalie alichoamua, na kwa kuwa Mungu si kigeugeu inafaa kuandika, maana utaratibu aliouweka jana utaukuta na leo, na kwa kuwa jua na mawingu ni viumbe kama mbuzi wetu, wala si miungu, hakuna sababu ya kuviogopa, na vipimwe. Alipenda kutuambia kwamba wengi wa wale waliogundua mwendo wa sayari na tabia za mwanga walikuwa watu wa kupiga magoti, walipima kwa sababu waliamini yuko Mwenye akili aliyepanga. Dada alimtania, "Basi baba, na mbuzi nao tuwapime," naye akajibu, "Leta kamba."

Miaka mitatu iliyopita mke wangu alijiunga na kikundi cha maombi, nami nikamfuata, na kiongozi wao tunamwita Mtumishi, mtu mwenye sauti ya upole, hata akikukemea unaona kama anakubembeleza. Mwaka jana mvua za kupanda zilichelewa, tukafunga, tukaomba, wapi, na ndipo siku moja baada ya ibada Mtumishi akanivuta kando akaniambia, "Ndugu yangu, unajua ni nani amezifunga mbingu? Ni wewe. Kila asubuhi unaandika sifuri. Unakiri ukame kwa mkono wako mwenyewe, halafu unakuja hapa kuomba mvua." Akanikumbusha yule mfalme wa kale aliyewahesabu watu wake, Mungu akakasirika, tauni ikaua maelfu, akasema kuipima kazi ya Mungu ni kumchunguza kana kwamba tunamshuku. Nikamuuliza, "Sasa niandike nini?" Akasema, "Andika unachokiamini."

Mshauri, niliandika. Asubuhi iliyofuata chupa ilikuwa kavu na vumbi ndani yake, nikaandika milimita sita. Siku ya pili sikutoka hata kwenda kuangalia, nikaandika kumi na nne. Siku ya tatu na ya nne niliweka sifuri ili ionekane kawaida, kisha nikaendelea hivyohivyo bila kutoka kuangalia, ikawa siku kumi na moja za mvua ambayo haikunyesha. Kikundi kilinishangilia, mke wangu akalia kwa furaha. Makao makuu wako mbali, hawakujua, na redio ikatangaza kwa takwimu zangu kwamba mvua za kupanda zimeanza sehemu zetu. Majirani zetu hapa walicheka wakasema redio imelewa.

Dada yangu anaishi ng'ambo ya kilima, mwendo wa saa nne kwa miguu. Aliisikia redio, akatazama juu, hakuona wingu, akanipigia simu. "Mdogo wangu, ni kweli huko imeingia?" Nikasema, "Imeingia dada, panda, inakuja na huko." Majirani zake walisema watangoja waone. Yeye alipanda mbegu zote, maana ni nani anayejua mvua kuliko mtoto wa baba yake, na zile mbegu zikaliwa na jua na mchwa. Mvua ilikuja baada ya miezi miwili, ya haraka haraka, majirani wakapanda wakapata kidogo, yeye hakuwa na mbegu hata ya dawa. Akafunga nyumba yake akaja kukaa kwetu. Ni mjane wa miaka hamsini na tisa, analala chumba ninachowekea madaftari, na kila asubuhi ananiambia, "Asante mdogo wangu, umenipokea Mungu aliponikataa."

Ndivyo anavyoamini. Anaamini mvua ilinyesha huku kwetu, ikatambaa mpaka mgongoni mwa kilima, ikaliona shamba lake ikageuka. Amekaa anatafuta kosa lake na anasema amelipata: baba alipokuwa akikata roho yeye alichelewa kuja siku mbili kwa sababu ya palizi. Anasema Mungu alingoja miaka kumi na tisa akampiga palepale, shambani. Ameacha kusali, kanisani haendi, wala kwa majirani hatoki, kwa hiyo hakuna aliyemwambia kuwa huku nako hapakunyesha. Juzi aliniomba nimwombee msamaha kwa Mungu juu ya baba, na mimi, mshauri, nilifumba macho nikamwombea.

Sasa makao makuu wamenijulisha kwamba watakuja kunipa cheti cha kituo kisichoruka siku, na dada ameanza kushona gauni la kuvaa siku hiyo. Mke wangu anasema nikifungua mdomo nitawapa wasioamini cha kulichekea kanisa. Mtumishi anasema mvua ilizuiwa na shaka yangu. Nimebakiza miaka miwili kustaafu. Nikipiga magoti naiona bilauri, nikiishika bilauri naona Mungu ananitazama, kwa hiyo sina sala na sina kazi, na zipo asubuhi natamani nisingeamka. Gazeti lako linaingia kwetu kila Jumamosi, dada ndiye huusoma ukurasa huu kwanza, na akizicheka barua za watu mimi hutoka nje. Nifanye nini? Je, mtu hawezi kukaa na jambo kama hili mpaka kaburini, ikiwa hakuna atakayejua?

Mpima mvua

*

Ndugu Mpima mvua,

Nimekuonea huruma, lakini huruma haitakusaidia, kwa hiyo nitaanza na kukugombeza.

Unasema uliandika kwa imani. Siku ya tatu na ya nne uliweka sifuri ili ionekane kawaida. Imani gani hiyo inayojua kuupanga uongo ufanane na kweli? Mtumishi hakukufundisha kuruka siku mbili. Hilo ulilitoa kwenye ujuzi wako mwenyewe wa miaka mingi, basi usimtwike yeye mzigo wote. Ulijua unachofanya tangu ile sita ya kwanza.

Naye Mtumishi nina neno lake. Yule mfalme alihesabu watu wake apate kujivunia jeshi. Wewe ulikuwa unahesabu alichofanya Mungu ili watu wajue lini wapande. Mtu asiyeona tofauti hapo asipewe watu wa kuwaongoza.

Sitakudanganya kwamba dini na elimu ya kupima zimeishi siku zote kama mke na mume wanaopendana. Kuna nyakati wenye kanzu waliwaziba midomo wenye darubini, kuna wapimaji waliomcheka Mungu, na kuna waliopima nyota karne nyingi kabla imani ya baba yako haijahubiriwa. Lakini mzee wako alishika jambo ambalo wengi wenye vyeti vya ukutani hawajalishika. Kama dunia ni kazi ya Mungu aliye huru, muumini anakwenda kuona kilichopo, hamwamrishi Mungu kiwe nini. Sifuri zako zilikuwa utii. Uliziita ukosefu wa imani kwa sababu hukutaka kuamini kwamba Mungu yupo hata mwaka wa ukame.

Ona sasa ilichozaa. Wewe unahangaika na makao makuu, lakini uliyemkosea zaidi anakuandalia chai. Umemsingizia Mungu kwa dada yako. Umemwonyesha Mungu anayemnyeshea mdogo na kumruka mkubwa kwa sababu ya palizi ya miaka kumi na tisa iliyopita, naye akasadiki, kwani amelelewa nyumba ambayo daftari halisemi uongo. Halafu ukafumba macho ukamwombea msamaha. Nilipofika hapo niliiweka barua yako chini nikaenda kunywa maji. Wahenga walisema heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi, na wewe ulimi wako umemwondoa mtu shambani kwake, ukamwondoa na kanisani.

Unauliza kama mtu anaweza kukaa na jambo hili mpaka kaburini. Anaweza, wamejaa tele. Ila wewe hutakuwa unakaa nalo peke yako. Dada analibeba pamoja nawe, na upande wake ndio mzito, kwa sababu hajui amebeba nini.

Kabla ya yote, hizo asubuhi unazotamani usingeamka. Nenda hospitali wiki hii ukamwambie daktari maneno hayohayo uliyoniambia mimi, na usiende peke yako. Usikubali mtu akuambie ni upungufu wa maombi. Dada yako akikupoteza na wewe, atajitafutia kosa jingine.

Kisha umwambie. Mke wako asiwepo chumbani, na usianze kwa sala, umeshamwombea vya kutosha. Sema mvua haikunyesha, sema uliandika uongo, sema na ile simu ulimdanganya. Usimwombe msamaha siku hiyohiyo, maana utakuwa unamwomba yeye aliyeumizwa akufariji wewe. Akilia, kaa. Akikufukuza chumbani, toka. Akifunga nguo zake, mbebee mzigo mpaka barabarani. Inawezekana asikusamehe kamwe, wala mimi siwezi kukuahidi kinyume chake. Na msimu ukifika, mbegu za shamba lake zitoke mkononi mwako, akikusemesha asikusemeshe.

Makao makuu waandikie mwenyewe, kabla hawajaja na cheti chao. Taja siku zote kumi na tatu. Ile ya kwanza ulikuta chupa kavu, kwa hiyo ni sifuri. Nyingine kumi na mbili hukutoka kuangalia, basi andika kwamba hakuna kipimo, hata zile mbili ulizoweka sifuri, maana zile nazo ulizitunga. Cheti kitakwenda, na huenda kazi nayo ikaenda. Umeniambia daftari halijaruka hata siku moja kwa miaka sitini na mbili. Ndugu yangu, liliruka, na wewe unalijua hilo kuliko mtu yeyote. Mke wako anaogopa wasioamini watacheka. Waache wacheke, watacheka wiki moja. Dada yako amelia mwaka.

Sasa nikuulize na mimi. Unajua dada ndiye huusoma ukurasa huu kwanza, na bado ukaniandikia hapahapa, kilima na palizi na gauni vyote ukaviweka. Nadhani ulitaka gazeti likusemee. Mimi si mdomo wako. Jibu hili nililituma kwenye anwani yako kwa posta, nikalizuia lisichapwe kwa majuma manne ili upate muda wa kusema mwenyewe. Majuma hayo yamekwisha leo. Kama ulisema, yanayosomwa hapa hayana jipya kwake. Kama hukusema, basi umemwacha kwa mara ya pili apate habari za mvua kwa watangazaji badala ya kuupata ukweli kwa ndugu yake, na hilo nalo utalijibu.

Na wewe dada, kama ni wewe unayesoma na hakuna aliyekuambia: mvua haikunyesha upande wowote wa kile kilima. Hakuna aliyekuruka. Shamba lilikuwa na magugu, ukapalilia, na palizi ile haikuwa dhambi.