Shubiri Moja Hadi Geita

Kwa Mwalimu Athanas,
Misheni, Shinyanga.
14 Julai, 1954

Mpendwa Kaka Maganga,

Shikamoo. Habari za machimboni, na kile kifua chako kimepona? Mimi mzima, ila upweke unanitafuna. Anayeandika ni Mwalimu Athanas; mimi nasema, na nimemkataza kulainisha maneno yangu.

Tangu tumzike Mama, nyumba imekuwa kimya mno. Jirani yetu Mama Justa hupita asubuhi kunisalimu, basi tena. Siku nyingine naongea na chungu cha maji. Usicheke.

Sasa sikia. Mwalimu amenitengenezea ramani ya kupapasa, juu ya ubao. Reli ni kamba ya katani, ziwa ni ngozi laini ya ndama. Miji ilikuwa punje za mtama, kazigandisha kwa ulimbo. Nami kwa ujinga wangu nikauanika ubao uani ulimbo ukauke; kuku wa Mama Justa wakala Mwanza na Geita! Tulicheka mpaka mbavu zikauma. Siku hizi miji ni vijiwe.

Lakini siku niliyoigusa Geita, kaka, sikucheka. Uliniapia kuwa ni mbali mno kwa kipofu. Nikaweka kidole gumba Shinyanga, nikatanua vidole: shubiri moja tu, nimekufikia! Nikamuuliza Mwalimu shubiri hiyo ni mwendo gani. Akasema treni hadi Mwanza, kivuko, kisha lori; siku mbili. Siku mbili! Nami nimekungoja miaka sita nikidhani uko mwisho wa dunia. Mama naye alikungoja. Hilo limeniuma, nalisema wazi.

Najua unaona haya kurudi bila dhahabu. Nani alikuomba dhahabu?

Basi nakuja mimi. Jumatatu ya kwanza ya Septemba nitapanda treni. Unipokee stesheni ya Mwanza. Kama hunitaki, niandikie mapema, nisihangaike bure.

Mama Justa anakusalimu. Nisalimie Kalisti, mwenzako wa shimoni, na Mungu awatoe salama humo kila jioni.

Pale stesheni usinishike mkono kwanza. Ongea tu, lolote, kwa nguvu, wala usinyamaze upesi. Sauti yako nimeanza kuisahau, kaka, na ninaogopa.

Ni mimi nikupendaye, mdogo wako,
Nyamizi