Mgomba Mliouzika Kibosho

Crescent Town, Toronto
9 Novemba 2014

Mama Mkwe,

Shikamoo. Natumaini miguu imepungua kuvimba na kahawa imeiva vizuri. Sisi hatujambo, ila mjukuu wako Rogers ana mafua, na hata hivyo anang'ang'ania kwenda kuteleza kwenye barafu. Nimekusalimu kwa adabu kwa sababu mama yangu alinilea hivyo, usidhani ni upendo. Barua hii usimpe wifi Jacqueline akusomee. Tafuta miwani yako usome mwenyewe.

Unakumbuka nilivyohangaika mume wangu Erick alipokwenda Alberta kutafuta kazi kwenye visima vya mafuta, simu yake ikanyamaza. Polisi wa hapa Ontario waliniambia amepotelea Alberta, kwa hiyo niwaulize wenzao wa huko. Wa Alberta wakasema mkazi wa Ontario hutafutwa kwanza na polisi wa Ontario. Miaka miwili nilirushwa kama mpira, na kila nilipokupigia simu nikilia, nawe ulilia. Ulilia vizuri sana, Mama.

Kisha ukasema nikubali kwamba Erick amekufa, tumzike apumzike. Maiti haikuwapo, basi wazee wakazika shina la mgomba badala yake. Mimi huku nilinyoa nywele nikavaa nyeusi, na watu wa kanisani wakajaa sebuleni kwangu. Rogers aliniuliza kwa Kiingereza chake kama baba yake yumo ndani ya huo mgomba. Nilimfokea akalale.

Lakini moyo ulikataa. Wakili mmoja mwenye ofisi Don Mills, Nurjehan, mzaliwa wa Moshi, aliniambia twende kwa jaji, hao polisi lazima watoke jasho. Ulipopata habari ulinikaripia kwamba nawasumbua wafu na nauaibisha ukoo mbele ya Wazungu. Nikadhani ni uchungu wa mzazi, nikakuombea! Jaji aliwauliza polisi wa majimbo yote mawili ni nani hasa alikuwa anamtafuta mtu huyu, kila upande ukaunyoshea mwingine kidole. Akawaamuru wafunguliane majalada, wamtafute pamoja na kumletea taarifa mahakamani. Mwezi haukuisha wakampata.

Erick yu hai. Afisa wa polisi alisema anaendelea vizuri, ila mwenyewe amekataa nipewe anwani yake, na sheria ya huku inamruhusu. Alikubali niambiwe jambo moja tu, kwamba nisijisumbue, kwani mama yake anajua alipo na huzungumza naye kila Jumapili baada ya misa. Hakujua, mjinga yule, kwamba anakuchongea. Njia ya mwongo ni fupi, Mama, hata ikianzia Kibosho ikapitia Alberta.

Kila Jumapili! Nawe Jumapili hizo hizo ulinipigia tusali rozari ya marehemu. Nakuchukia kwa hilo kuliko ninavyomchukia yeye. Sijui hata kama ulimwambia kwamba umemzika. Afisa aliponiuliza kama nina ujumbe wowote kwa Erick, nilimwomba anipelekee pole kwa msiba.

Sasa nami nina langu la kukuungamia. Nilishika simu nimweleze Baba Mkubwa Gelasius, mkuu wa ukoo, kila kitu. Nikaiweka chini. Nilikumbuka ulivyonisimulia kwa simu kwamba siku ya kumaliza matanga ulisimama mbele yake, pombe ya mbege mkononi, na kihamba cha Erick, shamba lake la urithi, migomba na kahawa yote, kikakabidhiwa kwa mrithi wake, ambaye ni Rogers. Wazee walishuhudia, nawe ulipiga vigelegele. Kwa hiyo sitasema neno. Ukitaka mwanao awe hai, nenda mwenyewe kwa Baba Mkubwa umweleze ulimzikisha nini. Ukinyamaza, basi amekufa, na siku akibisha hodi Kibosho atamwomba mwanawe mahali pa kulala.

Wasalimie wote wanaoniulizia. Kaburi mlipalilie, majani yasiote.

Ni mimi, mjane wa mwanao aliye hai,
Brightness