Herufi Tano, Kwenda Chini

Mzee wangu Hamadi,

Nimechoka. Nianze na hilo, maana hukupenda barua inayozunguka. Hii ni wiki ya sita tangu tukuzike, na fumbo la maneno la gazeti letu dogo la Kiswahili limebaki mikononi mwangu, mimi karani niliyezoea kukuchorea miraba kwa rula tu. Mhariri hakuniuliza. Aliweka karatasi mezani akasema, "Si wewe ndiye uliyesoma?"

Unakumbuka ulivyonitesa na usomi wangu? Kila toleo lazima msomi apite. "Kwenda chini, herufi tano: anaijua mito yote ya Afrika, ila njia ya sokoni anauliza." Au yule wa harusini, aliyekaa pembeni akisahihisha kadi ya mwaliko. Ofisi nzima ilinigeukia, mimi na miwani yangu. Siku moja nilikasirika, nikakuuliza kama unanisema mimi. Ukajibu, "Nimeandika msomi, binti yangu. Nani kakutaja?" Ukacheka mpaka ukakohoa. Mimi sikucheka. Kwa siku mbili nilikusalimia kwa kichwa tu, na sasa siku hizo mbili... basi.

Mafumbo yangu mawili ya kwanza niliyatunga na kamusi, nikakagua kila herufi mara nne. Hayakuwa na kosa, Mzee, hata moja. Enzi zako majibu ya wasomaji yalijaa kisanduku cha mlangoni. Kwangu yalikuja matatu, kisha moja, nalo miraba yake ilikuwa mitupu. Pembeni mtu ameandika: "Mzee yuko wapi?" Mhariri akanipa toleo moja la mwisho. Likishindwa, nafasi yako itachukuliwa na tangazo la vitanda na milango la mafundi seremala wa Gisozi.

Hapo nikakumbuka Alhamisi zako. Ulikuwa ukikunja rasimu na kuteremka mtaa wa Rwezamenyo, kwenye duka la maziwa, na kila mara uliniambia, "Twende." Nilidhani unatoroka kazi. Nilisema nina barua za kupanga. Hazikuwepo. Niliogopa watu wanaocheka kwa sauti.

Alhamisi iliyopita nilikwenda. Niliwakuta mafundi cherehani watatu na mwenye duka, Mama Zuhura. Nilisahau hata kuwasalimu, nikaanza kusoma dokezo la kwanza. Fundi mmoja akasema, "Dada, hiyo ni fumbo ama ni mtihani ya serikali?" Nikageuka niondoke. Mama Zuhura akanitazama miwani, akasema, "Ngoja. Ni wewe? Yule wa Mzee?" Akanivutia kiti. Akanieleza kuwa pale ndipo ulipoyapima madokezo yako yote: wasipolipata jibu, au wakilipata wasicheke, unafuta. Na kwamba uliwaonya zamani: "Siku akija, msimcheke kabla hajakaa."

Nilikaa. Nikaletewa kikombe cha maziwa mgando. Halafu wakacheka, Mzee, wakacheka vizuri sana, na mimi sikufa. Nilifuta madokezo tisa palepale kwa penseli. La msomi walilitunga wenyewe wakinitazama: "Kaletewa maziwa, anasoma kwanza maandishi ya kikombe." Ni kweli, nilikuwa nayasoma.

Toleo linatoka kesho. Sijui kama majibu yatakuja. Usiku nalala vizuri kidogo, mchana bado naigeukia meza yako nikiwa na swali, nakuta kiti kimesukumwa ndani. Mhariri anataka jina chini ya fumbo. Nimeandika lako na langu, lako likitangulia. Akilikata langu sitateta. Akilikata lako nitateta, ingawa sijui nitaanzaje.

Pumzika, Mzee wangu, umetuchekesha vya kutosha. Nakuahidi hili moja: hata nafasi ikienda kwa vitanda, Alhamisi nitateremka dukani, nikiwa na karatasi au mikono mitupu. Nitaogopa, lakini nitakwenda.

Karani wako,
Consolata