Nimekata Mmumunye wa Mama Mkwe

Mpendwa mshauri, nisaidie kabla sijapasuka kwa hasira, mimi ni fundi cherehani, naishi uwanja mmoja na mama mkwe na bustani yetu ni hiyo hiyo moja nyuma ya jiko, yeye kapanda mmumunye wa kukausha vibuyu, mimi maboga, na maboga yangu nimeyalea kama watoto, kila asubuhi nachuma yale maua matupu yasiyo na kiboga nyuma yake, yanayokula chakula cha bure, lakini wapi, viboga vikifika ukubwa wa ngumi vinageuka manjano vinaanguka, huku vibuyu vyake vimejaa uzioni, naye anapita ananiambia, "Mwanangu, kupanda si kushona," mbele ya mawifi, wakacheka! Nikajua mmumunye ndio unaoniharibia kwa kuchanganyika na maboga yangu, basi juzi alipokwenda kliniki nikachukua mkasi wa vitambaa nikaukata shinani, nikafukia mkato kwa udongo. Sasa umenyauka wote, mama mkwe analia, kumbe mbegu ile aliachiwa na marehemu mama yake na hana nyingine, na lawama kamtupia jirani yetu fundi viatu, eti kamwaga dawa zake za viatu shinani, hawasalimiani tena, mimi kimya. Lakini mshauri, na maboga yangu je? Nimechoka kuonewa!

Fundi,

Kuchekwa kunauma, pole. Ila kuonewa, na nani? Hayo maua uliyoyaita matupu ndiyo madume! Nyuki hutoa unga humo akaupeleka kwenye ua jike, ndipo boga likakua. Umewamaliza waume wote halafu unauliza mbona hakuna mimba! Mmumunye hauna kosa. Hauchanganyiki na boga hata vikilala uzio mmoja. Kikulacho ki nguoni mwako, na nguo yenyewe umeishona wewe.

Leo hii, kabla hujagusa cherehani, mwite fundi viatu uwanjani, na mama mkwe awepo, na mawifi hao hao waliokucheka. Sema, "Ni mimi niliyekata." Maboga usiyataje. Kisha nenda uzioni ukabonyeze vibuyu kwa kucha. Kile ambacho kucha haiingii kimekomaa. Kiwekwe mahali pakavu mpaka mbegu zisikike zikigongana ndani. Hizo ni zake, si zako.

Maua ya maboga uyaache, na mkasi ubaki kwenye vitambaa. Msimu ujao mama mkwe akikupa mbegu moja, pokea kwa mikono miwili. Asipokupa, chukua ndoo umwagilie za kwake.