Yai la Kijani Mfukoni mwa Mzee wa Kanduyi

Kitale,
Jumapili jioni.

Mdogo wangu Nanjala,

Kosa wanalofanya watu wengi wakitaka kumchemshia mgeni mayai ni kuchukua yale yaliyotagwa asubuhi hiyo hiyo, wakidhani upya ndio heshima. Yai jipya hung'ang'ania ganda lake. Ukilimenya linatoka mabaka mabaka kama ukuta uliobambuka chokaa, na mgeni akiliona anafikiri umelimenya kwa meno. Yai la kumenya liache likae siku kadhaa mahali penye ubaridi, ndipo ulichemshe. Najua barua ya mtu mzima huanza na salamu, na zako zinakuja, lakini nimetanguliza hili kwa sababu ndilo jambo pekee katika habari hii yote ambalo nina hakika nalo. Mengine yote yamenichanganya.

Sasa niambie, hujambo? Goti lako linaendeleaje tangu uanze kulikanda kwa maji ya moto? Mvua imefika Bumula au bado mnatazama mawingu yakipita kwenda kwa wengine? Huku kumenyesha vizuri na watu wa mashamba wanagombania mbegu za mahindi tangu maduka yanapofunguliwa. Mimi ni mzima, ila baridi ya Kitale ya asubuhi bado hainipendi. Kazi ya stoo haina neno. Mama Jasi na mumewe, wale Wahindi wenye duka la mabati, wanaendelea kuniita Mwalimu ingawa chaki niliiweka chini zamani, na chumba changu cha nyuma ya duka hakivuji tena. Nekesa naye ni mzima wa mwili. Ni moyo wake unaonifanya nikuandikie leo badala ya kungoja likizo.

Unajua jinsi mambo yalivyokuwa. Wafula, yule kijana wa Kanduyi anayefanya kazi ya welding, alikwisha kuniambia kwa adabu kwamba anamtaka Nekesa. Nikamjibu kwamba hayo ni maneno ya wazee, na kwamba wazee wake waje nyumbani Bumula, kwako, wewe shangazi yake uliyemlea tangu mama yake alipotutoka. Akakubali. Kisha akapiga simu hapa dukani kusema kwamba baba yake na shangazi yake wanakuja Kitale kununua mbegu, na kwamba wakimaliza watapitia kunisalimu. Kunisalimu tu. Lakini mimi na wewe tunajua kwamba mtu hapitii kwa baba wa msichana kama anavyopitia kwa kinyozi. Walikuja kutuangalia sisi ni watu wa namna gani kabla ya kufunga safari ya Bumula.

Hapo ndipo nilipoanza kufikiri, na pengine nilifikiri kupita kiasi. Niwape nini? Kuku sikuweza. Kuku wa wakwe huchinjwa nyumbani, mbele ya watu wa nyumbani, naye akichinjwa katika chumba cha kupanga nyuma ya duka la mabati, Bumula atachinjwa nani? Watasema tumeshawamaliza. Chai na mkate niliona ni chakula cha mtu aliyekuja kudai. Nikataka kitu cha katikati, kinachoonyesha kwamba nimejisumbua lakini kisichoingilia zamu ya kuku.

Nikakumbuka chakula nilichokula kwa Mama Jasi siku ya sherehe ya mtoto wake. Yai linachemshwa, linakatwa mara mbili kwa urefu, kiini kinatolewa na kupondwa pamoja na viungo, kisha kinarudishwa katika shimo lake likajaa mpaka likafanya kilima. Yeye hutumia mafuta mazito ya chupa. Mimi sina chupa hiyo, lakini nyuma ya stoo kuna mti wa avokado unaotuangushia matunda juu ya mabati mchana kutwa, nikaona avokado lina ulaini ule ule. Nilipomweleza, Mama Jasi akafikiri kidogo, akasema, "Weka ndimu mingi, Mwalimu. Bila ndimu hii nakuwa nyeusi kama oil ya gari."

Basi nilifanya hivi. Mayai niliyatia katika maji baridi, nikayaweka jikoni, na yalipochemka nikafunika sufuria na kuiepua, nikayaacha yaive kwa joto lake lenyewe. Yai likitokota kupita kiasi kiini chake hupata ukingo wa kijivu na harufu ya kiberiti. Nikayatumbukiza katika maji ya baridi, nikayamenya, nikayakata. Viini nikaviponda kwa uma pamoja na avokado lililoiva sawasawa, nikatia ndimu, chumvi, pilipili manga, kitunguu kilichokatwa kama mchanga, na dania. Nikajaza kila shimo kwa kijiko cha chai. Nakuambia, Nanjala, sahani ilipendeza. Nyeupe na kijani, kama sare ya shule. Nekesa aliitazama akasema, "Baba, una uhakika?" Nikamwambia uhakika ninao.

Walifika mchana, kila mmoja na mfuko wake wa mbegu. Mzee ni mrefu, mkimya, amevaa koti jeusi la kwenda kanisani. Shangazi ni mama mnene mwenye kicheko, na mdomo wake haukai bure. Wafula hakuja, kama inavyostahili. Wakakaa, tukasalimiana mpaka salamu zikatosha, Nekesa akawanawisha mikono, na mimi nikaleta sahani.

Shangazi akainama kuichungulia.

"Mwalimu, hii ni nini tena?"

"Ni mayai, mama."

"Mayai ya ndege gani?"

"Ya kuku. Kuku wangu mwenyewe, huyo anayepita hapo mlangoni."

Akamtazama kuku, akaitazama sahani. "Huyo kuku ako na shida."

Nekesa akacheka, kisha akaficha uso. Mzee hakucheka.

"Na kile kitu ya manjano kimeenda wapi?" shangazi akauliza. "Si yai huwa na kitu ya manjano ndani?"

"Kimo humo humo, mama. Nimekitoa, nikakiponda na avokado, nikakirudisha."

"Ulikitoa halafu ukakirudisha?"

"Ndiyo."

"Kwa nini sasa? Kilikuwa kinakusumbua wapi?"

Ulipokuwa mtoto uliniuliza maswali kama hayo, nami nilikujibu, kwa hiyo nikamjibu na yeye. Nikamweleza kwamba kuna watu wanaofanya hivi ili kukipa kiini ladha. Akaniambia, ati avokado kwao wanapea nguruwe. Nikamweleza kwamba nguruwe hula pia mahindi, nasi mahindi hatujayaacha. Hapo nadhani nilikuwa nikienda vizuri. Kisha akaniuliza kama mayai ni ya leo, nami, kwa kuwa ni kweli na kwa kuwa kuna sababu yake, nikasema, "Hapana, ni ya wiki iliyopita. Ya leo hayafai."

Akamgeukia kaka yake. "Umesikia? Yai ni ya wiki iliyopita, iko kijani, na Mwalimu anasema ya leo ndiyo haifai." Akapiga makofi mara moja, taratibu. "Kwetu Kanduyi yai ikikuwa kijani tunaitupa mbali na nyumba, na tunazunguka tukirudi."

Kisha, Nanjala, akachukua kipande akala. Akachukua cha pili. Alipochukua cha tatu akaniuliza kama nina chumvi zaidi. Yeye ni mwanamke wa umri wetu, na unajua tulivyolelewa, kwamba yai na kuku vilikuwa vya wanaume, na mama zetu hawakuvionja mbele yao. Huyu alikula mbele ya kaka yake bila kutazama kando. Sielewi kama alikula kwa sababu alipenda, au kwa sababu aliona chakula hiki si yai tena na kwa hivyo hakina mwiko.

Lakini si yeye anayenisumbua. Ni mzee. Alinyoosha mkono akachukua nusu moja, akaigeuza, akaitazama. Akachukua nusu ya pili, akazishikanisha. Hazikulingana. Akairudisha ile ya pili, akajaribu nyingine, na nyingine, mpaka akapata mwenzake. Akazifunga pamoja, likawa yai zima. Kijani kidogo kikatoka ubavuni, akakifuta kwa kidole, na kidole kile sikuona alikipeleka wapi, maana ndipo shangazi alipokuwa akinidai chumvi. Nilipogeuka tena alikuwa amekwisha kulifunga lile yai katika leso yake nyeupe na kulitia katika mfuko wa koti.

"Hii inaenda nyumbani," akasema. Hayo tu.

Hakula kipande chochote. Alikunywa chai, akaniuliza habari za bei ya mabati, akamuuliza Nekesa kuhusu watoto anaowafundisha katika nasari, akamsikiliza mpaka mwisho. Wakati wa kuondoka alinishika mkono kwa mikono yake miwili, akasema, "Mwalimu, tumefika." Wakachukua mifuko yao ya mbegu wakaenda.

Tumefika. Wamefika wapi? Nimelirudia neno hilo mpaka limepoteza ladha.

Nikamsimulia Simiyu, yule kijana wetu wa Bumula anayekata vioo hapa dukani. Akaacha kukata.

"Mzee, hiyo harusi umeizika," akasema. "Kwetu mgeni akiletewa kuku bila firigisi, anafanya nini?"

"Ananyamaza, anaondoka."

"Na huyu wako amefanya nini?"

"Amenyamaza, ameondoka. Lakini ameondoka na yai."

"Si hiyo ndiyo mbaya zaidi bana. Umempa yai imetolewa kitu yake ya ndani, amebeba ushahidi. Sasa hivi wazee wamekaa wanaizunguka."

Nikamweleza Simiyu kwamba kiini hakikutolewa, kilichanganywa. Akanijibu kwamba hata firigisi ikisagwa ikamwagwa kwa mchuzi, mgeni ataitafuta tu.

Mama Jasi alikuwa akisikiliza nyuma ya kaunta. Alicheka. "Wewe Simiyu hapana jua kitu. Mtu hapana penda chakula, yeye naweka kwa mfuko? Koti mzuri vile? Huyo mzee nataka bibi yake aone. Hiyo ni mapenzi."

Nikienda stoo ninamwamini Mama Jasi. Nikirudi dukani ninamwamini Simiyu. Nimejaribu kulifikiria kama nilivyowafundisha watoto kufikiria fumbo la hesabu, kuanzia kwenye kile kinachojulikana. Kinachojulikana ni kwamba mtu aliyekasirika hatafuti nusu inayolingana. Angechukua zozote mbili. Lakini pia mtu aliyefurahi huonja. Kila nikishika upande mmoja, mwingine unaniponyoka.

Nekesa hajanilaumu. Angenilaumu ningejua pa kuanzia. Alisema tu, "Baba, ungepika ugali na sukuma, hakuna mtu angeuliza kitu," akaenda kufua. Lakini Wafula alikuwa na desturi ya kumpigia simu hapa dukani kila Ijumaa, na Ijumaa imepita kimya. Laini imekuwa mbovu wiki nzima, ikikwaruza kama mtu anayeparuza sufuria, kwa hiyo hata kimya hicho sijui ni cha Wafula au ni cha waya. Jana nilimkuta Nekesa amekaa kwenye kiti karibu na kaunta, eti anamsaidia Mama Jasi kupanga misumari. Misumari ilikuwa imekwisha kupangwa. Mtoto huyu hakuwahi kuniomba kitu kikubwa, Nanjala. Hiki ndicho anachokitaka, naye hakisemi, anakingojea kwenye simu.

Mimi siwezi kwenda Kanduyi. Baba wa msichana akionekana barabarani akiwafuata watu wa mvulana, atakuwa ameshusha bei ya heshima ya mtoto wake. Wewe shangazi unaweza. Unaweza hata kusema umekuja sokoni ukaona upite, kama wao walivyosema.

Nilikuwa nimekuandalia maneno ya kuwaambia. Nilitaka uwaeleze kuhusu ndimu, na kuhusu umri wa yai, na kwamba kiini kilikuwemo, na kwamba kuku wao anawangoja Bumula akiwa mzima na kila kiungo chake. Niliyaandika yote kwenye karatasi nyingine. Nimeisoma tena sasa hivi, nikaona kwamba mle chumbani nilipoeleza kidogo mambo yaliharibika kidogo, na nilipoeleza sana yakaharibika sana. Karatasi hiyo nimeitia motoni, na sikutumii.

Barua hii inaletwa na dereva wa lori letu la mabati anayekuja Bungoma kesho asubuhi, naye atapitia kwako. Ni mtu mwaminifu, mpe uji.

Unisalimie shemeji, mume wako, na umwambie jembe lake la ng'ombe nitamletea bapa jipya. Msalimie mama yetu mkubwa, na umsomee barua hii kwa sauti lakini uruke pale pa nguruwe, maana atacheka mpaka akohoe. Wasalimie kitinda mimba wako na mwalimu mkuu wa shule yangu ya zamani, na jirani yetu wa ng'ambo ya kijito anayetuangalizia mpaka.

Ni mimi kaka yako anayekukumbuka,
Baba Nekesa.

N.B. Usiwaeleze chochote kuhusu mayai. Nenda Kanduyi siku hiyo hiyo utakayoipata barua hii, uwaulize kama wanamtaka mtoto wetu.