Pilipili Kwenye Sahani Yangu

Weston, Toronto

Dada Mghoi,

Hamjambo hapo nyumbani? Goti la Mama linaendeleaje na hiyo baridi ya Wundanyi? Mimi mwili ni mzima, ila nimechoka, dada. Si kazi. Kazi nimeizoea.

Nimefurahi viza yako ya kuja huku imetoka. Naandika kwa sababu simu kwenu huwekwa spika, mtaa mzima ukasikiliza.

Unamjua Winston, yule Mjamaika ninayekaa naye. Mama yake alikuja mwezi uliopita. Tulishusha picha zetu ukutani, nikatia nguo zangu kwenye mifuko, nikalala kwenye kochi kama mpangaji. Kwao, mwanamume kumpenda mwanamume mwenzake ni balaa, kama kwetu tu. Winston akiwa mdogo alipigwa mawe akitoka shule, eti anatembea kama msichana. Mama yake hakuwagombeza wenye mawe. Alimpeleka uani akamfundisha kutembea kiume, kwenda na kurudi, kila jioni. Hata leo akiona kundi la vijana kituoni, mabega yanapanda yenyewe.

Basi Jumapili mama yake akapika wali wa nazi na maharage, kama wetu kabisa, ila wao hutia pilipili nzima. Ikaangukia sahani yangu. Winston anajua vidonda vyangu vya tumbo. Akanyoosha mkono, akaitoa, akaiweka kwake, huku anaendelea kuongea. Ndivyo afanyavyo siku zote. Mama akaweka kijiko chini.

"Mpangaji gani huyu wa kuchambuliwa chakula?"

Loo! Tuliinamia sahani kama wezi. Kesho yake alifunga sanduku ahamie kwa mpwa wake huko Agincourt, upande wa pili wa jiji. Mlangoni akamwambia mwanawe, "Mimi nilikufundisha kutembea."

"Ndiyo, Mama. Nimetembea mpaka nimefika hapa."

Mabega yake yalikuwa chini. Mama yake alipoondoka, Winston akalia, nami nikalia. Mama huyo hajapiga simu mpaka leo.

Sasa umeelewa. Yule msichana wa kwaya mnayenitafutia, mwacheni apate wa kwake. Mama usimwambie, nitamwambia mwenyewe.

Nisalimie Mama, na shemeji, na Mjomba anayeombea kila mtu kasoro nafsi yake.

Tuna chumba kimoja tu, dada. Kochi nitakutandikia wewe. Mimi nitalala chumbani, na Winston. Kama huwezi, niambie kabla hujakata tiketi.

Lakini njoo.

Mdogo wako,
Mwakio