Kwa Soja Niliyemkana Ukumbini

Mpendwa Baba Naserian,

Sijui kama barua hii itakufikia. Naiandika mahali ambapo yeyote anaweza kuisoma kwa sababu nilikukana mbele ya watu, na ninaona aibu hata kufikiria kukuomba msamaha kwa siri. Wanaosoma wakujue kwanza. Ulikuwa soja wa zamu ya mchana katika duka la mabati na mbao pale Kitengela, ng'ambo ya kibanda cha mboga cha mama yangu. Kazi yako ilikuwa kufungua geti lori likipiga honi, na kulifunga likishapita. Kati ya honi moja na nyingine ulinifundisha sataranji, ambayo wewe uliiita chesi tu.

Nilikuwa darasa la tano. Mama alinituma nikuletee chai, nikakukuta umeinamia kipande cha mbao ulichokichora miraba kwa makaa. Juu yake ulikuwa umepanga vizibo vya soda, kila kimoja kimekwaruzwa alama kwa msumari: msalaba wa mfalme, duara la malkia, mistari miwili ya farasi. Nilisimama na kikombe mpaka chai ikapoa.

"Keti, nakerai," ukasema, yaani mtoto kwa Kimaasai chetu. "Lakini ukigusa kizibo, umekicheza. Hakuna kusema pole hapa."

Nilikuwa mwizi, unakumbuka? Siku moja lori la saruji lilipiga honi, ukaenda kufungua, nami nikamsogeza farasi wangu haraka. Uliporudi ulitazama ubao kwa muda mrefu, ukajikuna kidevu. "Huyu farasi ametembea peke yake?" ukauliza. Nikasema labda ni upepo. Ukacheka hadi mama akachungulia kutoka kibandani, kisha ukacheza vivyo hivyo ukanishinda. Baada ya hapo sikuiba tena. Nilikuwa nimeona kwamba wizi wenyewe hauna faida.

Halafu kulikuwa na kile kitabu chako kimoja, kisicho na jalada, ulichoachiwa na mzungu uliyemlindia nyumba Nairobi alipokuwa akihama. Kilikuwa cha maisha ya magrandmasta. Grandmasta, ulinieleza, ndicho cheo cha juu kabisa katika mchezo huu. Mtu hukipata kwa kufanya vizuri mashindano makubwa tena na tena, na akishakipata hakuna wa kumvua mpaka kaburini. Kiingereza cha kile kitabu kilikushinda, kwa hiyo mimi nilisoma na kutafsiri, nawe ukahifadhi kichwani. Baada ya mwaka mmoja ulikuwa ukisimulia maisha yao jinsi watu wa kwetu wanavyosimulia ukoo wa ng'ombe. Huyu alianza akiwa na miaka sita. Huyu alifungwa raundi tatu za kwanza mfululizo, akashinda zote zilizobaki na kubeba kombe. Huyu alicheza fainali akiwa na homa, amejifunga blanketi, na hakuomba sare.

Jioni mama akifunga kibanda, ulikuwa ukinipa mtihani kabla sijaondoka. Maswali yalikuwa matatu kwa kila grandmasta. Alishinda wapi? Alishindwa na nani? Nani alimfundisha? Mawili ya kwanza niliyajibu kama maji. La tatu nililipuuza, nawe ukawa mkali.

"Hiyo ndio kubwa," ulisema. "Hakuna mtu alizaliwa akijua farasi anarukanga aje."

Sasa nifike mahali ninapoogopa kufika.

Miaka kumi na kitu baadaye nilikuwa nachezea klabu moja ya Nairobi. Wenzangu walikuwa wamesoma shule za maana na walikuwa na makocha waliowafundisha kwa kompyuta kutoka ng'ambo. Wakikaa kula walitajiana makocha: wangu ni grandmasta wa nchi fulani, wangu alimfunga fulani. Mimi nilikuwa nakula chipsi tu. Kisha yakaja yale mashindano ya wanawake pale Kajiado mjini, katika ukumbi wa hoteli, na nikashinda raundi zote saba. Ulikuwa umesikia kwa mama. Ulikuja ukiwa bado na koti lako la kazi, lile la buluu lenye neno lililofutika mgongoni, ukasimama nyuma ya viti mchana kutwa.

Mwandishi wa redio aliniletea kipaza sauti cha ukumbi. Akauliza, "Na nani alikufundisha?"

Swali la tatu, Baba Naserian. Ulikuwa umesimama hatua kama kumi kutoka kwangu.

Nikasema, "Nimejifunza mwenyewe, kwa simu."

Watu walipiga makofi, hata wewe nilikuona ukipiga. Ningeweza kujidanganya kwamba hukusikia, lakini spika za ukumbi ule zilisikika mpaka barabarani. Kisha ukaja mbele kunipongeza, uso umejaa furaha. Mtoto wa kwetu hamnyooshei mzee mkono. Humwinamishia kichwa, mzee akaweka kiganja utosini, na hapo ndipo salamu inapokamilika. Nimefanya hivyo tangu nianze kutembea, na wewe nilikuinamia kila siku ya Mungu pale getini. Siku ile, wenzangu wakinitazama, nilikunyooshea mkono. Mkono wako ulikuwa tayari umeinuka kuelekea kichwani kwangu. Ukauteremsha taratibu, ukaushika wangu.

"Hongera, madam," ukasema.

Msichana mmoja wa klabu yetu akauliza kama tunajuana. Nikamjibu, "Ah, huyu ni soja wa mtaani kwetu."

Nawe, badala ya kuniaibisha jinsi nilivyostahili, ukatikisa kichwa kukubali. "Kweli kabisa. Mimi ni soja," ukasema, ukaaga, ukatoka. Mama aliniambia baadaye kwamba ulipofika Kitengela ulimweleza mchezo wangu wa mwisho hatua kwa hatua, na hukutaja lolote lingine. Alikuwa akinisimulia kwa fahari. Niliingia bafuni nikafungua maji ili asinisikie nikilia.

Ungedhani nilikufuata kesho yake. Sikukufuata. Aibu ina uvivu wake. Nilijiambia wiki ijayo, kisha baada ya mashindano, kisha nikaanza kupitia barabara ya nyuma ili nisione geti lako. Nilifanya hivyo mwaka mzima, mtu mzima na akili zake, akizunguka kwenye tope kumkwepa mzee mwenye ubao wa vizibo.

Mwaka jana nilipelekwa kucheza ng'ambo na nikapangiwa grandmasta wa kweli, mzee mwenye mvi na sweta iliyotoboka kiwiko. Alinimaliza mapema mno, sitataja kwa hatua ngapi. Baadaye alinikalisha chini, akanionyesha nilipokosea, kisha akaishika kete yangu ya ngome, niliyokuwa sijaisogeza, na kutabasamu. Kupitia kwa mtu aliyejua Kiingereza akauliza, "Nani alikufundisha kungoja hivi? Vijana wa leo hawajui kungoja." Nikajifanya napanga kete upya. Katika kijitabu cha mashindano, maisha yake yalikuwa yamechapishwa: kombe hili, kombe lile, ubingwa wa nchi yake mara nne. Na juu ya hayo yote, mstari wa kwanza kabisa, ulisema alifundishwa na fundi viatu wa mtaani kwao, jina lake hili hapa. Nilikisoma kijitabu kile ndani ya ndege nikakificha chini ya kiti, kana kwamba abiria wenzangu wangejua.

Nilitoka uwanja wa ndege nikaja moja kwa moja getini kwako. Duka halipo. Wameliangusha, wanajenga nyumba za kupanga, na soja mwingine kabisa akaniambia wazee wa zamani walienda makwao. Mama alikumbuka ulikuwa ukitaja Mashuuru kuwa ndiko kwenu, basi Jumamosi iliyofuata nikaenda. Niliingia hoteli moja ya chai pale sokoni, nikamwinamia kichwa mzee aliyekuwa karibu na mlango, naye akanigusa utosi akaniuliza ninamtafuta nani.

"Namtafuta Baba Naserian," nikasema. "Alikuwa soja Kitengela."

Wakacheka, bila ubaya. "Msichana, hapa tuko na Baba Naserian watano, na soja ni wengi sana," mzee akasema. "Huyo wako, jina lake mwenyewe anaitwa nani?"

Sikulijua. Wewe ulikuwa Baba Naserian kwa majirani, na Soja kwa madereva wa malori. Mtoto hamwiti mzee kwa jina lake, kwa hiyo sikuwahi kuliuliza, na nilipokuwa mkubwa wa kuuliza nilikuwa tayari napitia barabara ya nyuma. Watu watatu walijaribu kunisaidia. Ana ukoo gani? Rika gani? Boma lake liko upande gani? Sikujua hata moja. Najua grandmasta mmoja alifundishwa na mama yake jikoni, mwingine na kasisi mlevi. Ninaweza kukutajia majina kamili ya walimu hao, na ya baba zao.

Nimepewa fomu ya mashindano ya mwezi ujao, nao wana kijitabu kama kile. Wanataka mahali nilipozaliwa, nilikoshinda, nilikoshindwa. Nimejaza yote. Mahali pa mwalimu pako wazi, na sitaandika Soja.

Kama kuna mtu wa Mashuuru au popote Kajiado anayemjua mzee huyu, tafadhali amsomee. Baba Naserian, nisamehe ukiweza. Hata usiponisamehe, nitumie jina lako.

Mwanafunzi wako,
binti wa mama mboga wa ng'ambo ya geti